Kisima Kisichopigiwa Hodi

"Hivi Bi Kimya, shimo nalo linalipwa?"

Swali hilo aliliuliza jirani yake wa ukuta kwa ukuta, yule waliyemwita Redio kwa sababu hakuumbwa na kitufe cha kuzimia. Ilikuwa siku ile ile watu wa serikali walipopita na kopo la rangi, wakachora alama nyekundu ya X kwenye kila nyumba ya upande huu wa barabara. Redio alikuwa ameinama kisimani, kamba mkononi, anachota kama alivyochota miaka yote. Hakuwa ameitikiwa na mtu yeyote langoni wala hakuwa amebisha. Aliuliza huku anavuta kamba, pumzi juu juu.

"Maana kama mashimo yanalipwa, shoga yangu, mimi nina utajiri. Paa langu peke yake utachoka kuhesabu."

Bi Kimya alicheka, na yeye si mtu wa kucheka ovyo. Shimo lilipwe kwa kipi? Watalichimbua waende nalo? Wakacheka mpaka ndoo ikamwagika, Redio akaanza kuchota upya, na jua likaendelea na kazi yake.

Baadaye uliitishwa mkutano, na ofisa mmoja mwenye sauti ya taratibu akaeleza kwamba barabara itapanuliwa, na kwamba kila kilichoshikamana na ardhi kitathaminiwa: kuta, sakafu, miti, choo. Na kisima pia, kwa kina chake na kwa mawe yaliyojengewa ndani. Redio alimgusa Bi Kimya kwa kiwiko. Safari hii hakuna aliyecheka.

Tangu siku hiyo utulivu ulihama nyumbani kwa Bi Kimya.

Kisima kile kilichimbwa na marehemu mume wake, fundi mwashi, mwaka ambao mabomba ya mtaa mzima yalikuwa yakitoa upepo mtupu. Alichimba kwa mikono yake, akapanga mawe, akajenga ukingo wa saruji unaofika kiunoni. Siku ya kumaliza, saruji ikiwa bado laini, aliwaita majirani, akachukua ncha ya mwiko, akaandika juu ya ukingo kwa herufi kubwa za kulala: CHA MUNGU NA JIRANI. Chini yake akaweka mwaka. Akasema mbele ya watu kwamba shimo hili amelitoa sadaka, si lake tena, wala la mkewe, wala la mtoto wake, na asiwepo mtu wa kubisha hodi kuja kuchota kilicho chake. Hapo hapo kuku wa Redio akaruka kutoka ukutani, akatembea juu ya ukingo wote, akaacha nyayo zake pembeni ya maandishi. Mwashi alifoka, akainua mwiko, halafu akaushusha. "Basi," akasema, "naye ametia sahihi."

Lango la Bi Kimya halikuwahi kufungwa mchana tangu siku hiyo. Watu waliingia na ndoo, wakachota, wakasalimia au wasisalimie, wakatoka. Mwashi alipofariki, maji yaliyoosha mwili wake yalitoka humo.

Sasa mwanawe, fundi wa kuchomelea vyuma, alikuwa hakai wala halali. Kibanda chake cha kazi kilikuwa mbele ya nyumba, bati nne na nguzo, kimeegemea barabara ambako wenye mageti na wenye toroli zilizovunjika walimkuta bila kuuliza. Kuhusu kibanda hicho ofisa alikuwa amejibu kwa maneno machache: kimekaa kwenye eneo la barabara, hakiandikwi. Fidia ya nyumba, kwa walivyosikia kwa wenzao wa mtaa uliotangulia, ingewapatia kiwanja huko ndani, kwenye vichochoro ambako hata mkokoteni unageuka kwa shida. Nani atabeba geti akalipeleke huko? Lakini ikijumlishwa na ya kisima, wangeweza kupata kiwanja kinachotazama barabara. Hapo ndipo palipokuwa pamesimama maisha ya kijana, mkewe na watoto wake.

"Mama," alisema jioni moja, chakula kikiwa hakijaguswa, "mthamini akija tutasema kisima ni chetu."

Bi Kimya alisogeza sahani, akairudisha pale pale.

"Kiko uani kwetu," mwanawe akaendelea. "Kimechimbwa na baba yangu. Uongo uko wapi hapo?"

"Baba yako alisema."

"Alisema kwa mdomo. Mdomo umeshazikwa."

"Alisema na kwa mwiko," Bi Kimya akajibu.

Kijana aliangalia nje, kule uani. Mkewe akaanza kukusanya vyombo vikiwa bado na chakula.

Siku ya ibada ilipofika, Bi Kimya alikwenda kama kawaida, na huko aliomba sana, ila maombi yake yalikuwa kama mtu anayetafuta ufunguo gizani: anapapasa, anakamata kitu, si chenyewe. Aliomba apewe njia. Hakusema njia ya wapi.

Aliporudi, harufu ya saruji mbichi ilimpokea langoni. Ukingo wa kisima ulikuwa umepigwa plasta mpya kuuzunguka wote, juu na pembeni. Alijua bila kuambiwa kwamba haukuwa mkono wa mwashi. Mtu alikuwa ameipaka kama mtu apakavyo uji kwenye kuta za sufuria. Pale palipokuwa na maneno pamekuwa peupe na laini, na nyayo za kuku hazipo. Mkwe wake alikuwa anafagia uani, kichwa chini, anafagia mahali pale pale.

"Umeshindaje, mama?"

"Salama, mwanangu. Mwenzio yuko wapi?"

"Ametoka kidogo."

Bi Kimya alisimama mbele ya kisima. Nyundo na tindo za marehemu zilikuwa ndani, kwenye sanduku chini ya kitanda, na plasta ilikuwa bado haijashika. Hata kwa kijiko angeikwangua. Aliinua mkono, akaushusha, akaingia ndani kuvua viatu.

Hakusema kitu usiku ule, wala mwanawe aliporudi na kumsalimia akitazama dari. Alijiambia kwamba yeye hajashika mwiko. Hajamdanganya mtu. Akiulizwa atajibu, asipoulizwa basi Mungu mwenyewe ndiye aliyetaka asiulizwe. Yalikuwa maneno mazuri na yamepangika, lakini kila alipopiga magoti yalimkimbia kama kuku waliofunguliwa.

Asubuhi iliyofuata, siku ya mthamini, nyumba nzima ilikuwa inazunguka. Bi Kimya aliosha sufuria safi. Akafunika maji, akafunua, akafunika. Mwanawe alitoka langoni, akarudi, akatoka tena. Kazini kwake hakuwasha mashine, ila miwani ya kuchomelea aliivaa paji la usoni kama anayekwenda kuanza wakati wowote. Mkwe aliwafokea watoto kwa kosa la kukaa kimya.

Mthamini alikuwa mwanamke wa makamo, viatu vyake vimebeba vumbi la nyua za watu wengi. Alisalimia kwa adabu, akapewa kiti.

"Chai?" Bi Kimya akauliza.

"Haturuhusiwi kula wala kunywa chai kwa tunaowapima, mama. Wataniambia nimehongwa kwa sukari."

"Hata maji?"

Mthamini aliangalia jua. "Maji naomba. Maji hayana mwenyewe."

Mkwe alipokwenda kuyateka, kamba ilimponyoka, ikabidi aanze tena.

Kazi ikaanza. Mthamini alipima vyumba kwa kamba yake, akagonga kuta kwa kidole kisha kwa ngumi, akainua macho kwenye mbao za paa, akaandika kwenye karatasi alizozibana juu ya ubao mwembamba. Hakuwa na haraka wala hakuwa mkali. Aliuliza ndimu huzaa mara ngapi, akaandika. Aliingia chooni, akatoka, akaandika. Mwanawe Bi Kimya alimfuata hatua kwa hatua kama mtu anayemsindikiza mgonjwa hospitali, akijibu hata ambayo hayakuulizwa.

Wakafika kisimani.

Mthamini aliweka kiganja juu ya ukingo, akakiondoa, akatazama. Alama ya kidole gumba chake ilikuwa imebaki pale, imechorwa vizuri na mistari yake yote.

"Hii mbichi," akasema.

Mwanawe Bi Kimya alisogeza miwani yake pajini.

"Mnajua kwamba baada ya tangazo hatuandiki kitu kipya?" Alisema bila ukali, kwa uchovu. "Mtaa niliotoka nimekuta mtu amepanda migomba, mizizi bado imefungwa na gunia. Mwingine amejenga chumba, kimekwisha, hakina mlango. Nikamuuliza anaingiaje. Akasema hajaamua."

"Si kipya," mwanawe Bi Kimya akasema haraka. "Ni cha zamani. Tumekikarabati tu."

"Mnakarabati kitu kitakachobomolewa?"

Mkwe alikohoa. Bi Kimya aliangalia viatu vya mthamini, na vumbi lile la nyua za watu.

"Mimi sikatai," mthamini akaendelea. "Ila nikiandika kisima kibichi, kamati itauliza na vyumba vya nyuma vimejengwa lini. Wataanza kuwapekua mpaka kwenye msingi. Nibandulieni kipande nione cha chini. Kikiwa cha zamani, mambo yamekwisha."

Kijana aliingia ndani, akatoka na nyundo na tindo za baba yake. Bi Kimya alimwona anapita pale penye maneno bila kupatazama, anazunguka mpaka upande wa pili, unaoelekea ukutani, ambako hakukuwahi kuandikwa kitu. Akagonga mara chache. Plasta ikaanguka kipande kizima, na chini yake ikatokea saruji kuukuu, nyeusi, yenye kuvu wa kijani kwenye nyufa.

Mthamini aliikwaruza kwa ukucha. "Haya. Cha zamani kweli." Akashusha kamba yenye jiwe ndani ya kisima, akasikiliza, akaivuta, akaipima. Akaandika. Kisha bila kuinua uso akauliza kama alivyouliza kwa nyumba na kwa mti wa ndimu: "Mmiliki?"

Mwanawe Bi Kimya alimtazama mama yake. Uso wake ulikuwa umejaa jasho, na macho yake yalikuwa yale ya utotoni, alipokuwa akivunja kitu na kusubiri. Bi Kimya alifungua mdomo. Jina lake lilikuwa pale pale kwenye ulimi, na si jina la uongo. Ni jina lake. Kulitaja tu, na mtoto wake anapata barabara.

"Hodi!"

Wote waligeuka. Redio alikuwa amesimama langoni na ndoo yake, nje ya mstari wa lango, miguu pamoja kama mgeni. Amejifunga nguo nzuri.

"Hodi, Bi Kimya. Naomba kuchota maji kidogo, kama utaniruhusu."

Bi Kimya hakumwelewa mara moja. Akamtazama. Redio akamkonyeza kwa jicho lisiloonwa na mthamini.

"Huyu mama ana huruma sana," Redio akamwambia mthamini kwa sauti ya mtu anayetoa ushahidi. "Kisima chake, lakini hatunyimi. Sisi tunakunywa kwa hisani yake. Akisema leo hapana, tunarudi na ndoo zetu."

Mthamini aliitikia kwa kichwa, kalamu iko juu ya karatasi.

Bi Kimya alimwangalia yule mwanamke aliyeingia uani kwake miaka yote bila kubisha, aliyechota maji ya kuogeshea wanawe wote, aliyemshika mkono siku ya mazishi pale pale penye kisima. Sasa amesimama nje ya lango, anaomba ruhusa. Anadanganya kwa ajili yake, tena kwa mapenzi. Na anadanganya vizuri. Moyo wa Bi Kimya, uliokuwa ukizunguka siku zote hizo kama ng'ombe kwenye kamba, ukasimama.

"Hodi ya nini, wewe?" akasema. "Ingia."

"Nasubiri uniruhusu."

"Sina cha kukuruhusu. Ingia uchote."

Akazunguka kisima, akafika kwa mwanawe, akakunjua kiganja.

"Nipe nyundo na tindo."

"Mama."

"Nipe, baba yangu."

Aliitwa hivyo tangu mdogo, kwa kuwa alichukua sura ya babu yake mzaa mama. Alimpa. Bi Kimya akaenda mpaka pale palipokuwa na maneno, akaweka tindo, akagonga. Hakuhitaji nguvu. Plasta ile ilikuwa imepakwa juu ya ukingo mkavu bila kuuloweka kwanza, haikuwa imeshika, ikawa inatoka kama ukoko wa kidonda kilichopona. Kwanza ikatokea JIRANI. Kisha NA. Vumbi likampanda mikononi mpaka kwenye viwiko. Kisha likatokea jina la Mungu, na mwaka, na pembeni alama ndogo zenye vidole vitatu vitatu, zinakwenda na kupotea upande wa ukuta.

"Jamani," Redio akasema kwa sauti ndogo kuliko zote alizowahi kuzitoa, "kuku wangu huyo."

Mthamini alisoma. Akasoma tena. Akavuta kiti, akakaa, jambo ambalo hakulifanya tangu aanze kupima.

"Mama," akasema, "mimi nilikuwa nimeshamaliza."

"Najua."

"Nikiandika hivi, siwezi kukiweka kwa jina lako. Kinakuwa mali ya mtaa. Na mali ya mtaa halipwi mtu. Mradi hutakiwa kujenga kingine cha namna hiyo huko watu wanakohamia."

"Wanahamia wapi?" Redio akauliza. Alikuwa ameshaingia, ndoo iko chini.

Mthamini alifunua karatasi moja, akafunua nyingine. "Kila mtu anakwenda kwake."

"Sasa hicho kingine kitachimbwa wapi? Njiani?"

"Swali hilo nitaliandika," mthamini akasema, na kweli akaliandika.

Mwanawe Bi Kimya alikuwa hajasogea. Alikuwa akiangalia vipande vya plasta miguuni mwake, ambavyo saruji yake aliinunua kwa kazi ya mikono yake.

"Mungu ana visima vingapi, Mama?" akauliza taratibu. "Mimi sina hata pa kuwekea mashine."

"Baba yako alikitoa."

"Baba alitoa cha kwake. Wewe leo umetoa cha kwangu."

Bi Kimya aliweka nyundo na tindo juu ya ukingo. Lilikuwa neno la kuuma, na hakuona mahali pa kulikatalia lote. "Kingekuwa changu ningekupa kabla hujaomba," akasema. "Ya nyumba chukua yote. Mimi nitakwenda kwa dada yangu, chumba kipo."

"Ya nyumba haifiki barabarani. Unajua."

"Najua."

"Ulijua tangu jana. Uliiona plasta, ukanyamaza. Ungeniambia jana, leo nisingesimama hapa nikidanganya mbele ya mgeni."

Ilikuwa kweli kama maandishi yale yalivyokuwa kweli. Alikuwa amemwacha mtoto atangulie kwenye uongo ili yeye apite nyuma yake na mikono safi.

"Nilikosa," akasema. "Nilikosa kwako. Kwa kisima sikukosa."

Mthamini alisimama, akajipangusa vumbi ambalo halikutoka. Alikuwa na shughuli moja iliyobaki. Kila mali hupigwa picha pamoja na mwenyewe, ameshika kibao chenye namba, ili baadaye asije mwingine kudai. "Tuanze na hiki," akasema, akaelekeza kisima. "Nani atasimama?"

Watu wakatazamana. Mwisho Redio alipangusa maandishi kwa upindo wa nguo yake ile nzuri, akajiweka sawa kilemba, akachukua kibao.

"Si wameandika cha jirani? Jirani ni mimi. Huyo mwingine mtamtafuta wenyewe."

Hata mthamini alitabasamu. Picha ikapigwa: Redio, kibao, ukingo uliobanduliwa nusu kama uso wa mtu aliyenyolewa akakatishwa.

"Na ya nyumba," mthamini akasema. "Mama, simama mlangoni. Kama kuna mrithi, mnaweza kusimama pamoja. Inasaidia baadaye."

Bi Kimya alikwenda mlangoni. Alama nyekundu ilikuwa ukutani juu kidogo ya bega lake. Mikono yake ilikuwa bado na saruji, akaifuta kwenye gauni, ikazidi. Akamtazama mwanawe, ambaye alikuwa bado kisimani.

"Njoo usimame na mimi, baba."

Kijana alichukua nyundo na tindo za mwashi kutoka kwenye ukingo. Akazigeuza mkononi, akapuliza vumbi, akamkabidhi mkewe bila kumtazama. Akaishusha miwani ya kuchomelea kutoka paji la usoni mpaka machoni, mchana ule wa jua kali, ikawa haonekani tena anaangalia wapi. Kamera ilikuwa imeinuliwa, inangoja. Bi Kimya alisogea kidogo pembeni, akaacha nafasi ya mtu mmoja.

Kijana alipita mbele ya mama yake, akapita mbele ya mthamini, akavuka lango ambalo halikuwahi kufungwa mchana, akatoka.